Sauper, Mapanki na Sisi: Nani Ana Haki ya Kuonyesha Kidonda?



Naandika nikiwa nimetoka zamu ya usiku, kwa hiyo mtanisamehe nikiteleza hapa na pale. Juzi kazini, katika chumba cha mapumziko, muuguzi mwenzangu, mama wa Kiingereza wa makamo, alisikia kwamba nimetokea Mwanza. Akaniuliza kwa upole kabisa, kikombe cha chai mkononi: "Mwanza ile ya kwenye filamu ya samaki?" Kwake yeye Mwanza siyo Bismarck Rock, siyo machweo ya ziwa, siyo milima ya mawe iliyojengwa nyumba mpaka kileleni. Mwanza ni vichwa vya samaki vyenye funza na ndege kubwa za mizigo. Nikamjibu haraka haraka kwamba filamu ile ni ya uongo, iliyotengenezwa na mzungu mmoja ili apate tuzo. Yule mama akaomba radhi, tukabadilisha mazungumzo.

Nilipofika nyumbani usingizi ulikataa. Nilijua nimedanganya. Mimi mwenyewe nimelelewa kwa mapanki.

Kwa wale wasiofahamu, mapanki ni mifupa na kichwa cha sangara baada ya minofu kuondolewa kiwandani. Minofu inapanda ndege kwenda Ulaya, mifupa inabaki. Majirani zetu Wakenya wanaiita mgongo wazi. Akina mama wananunua, wanaanika, wanakaanga kwenye mafuta, jioni wanauza kando ya barabara. Mama yangu alikuwa akinunua mara mbili tatu kwa wiki, hasa mwisho wa mwezi, mfuko ukiwa umetoboka. Tulikuwa tunagombania kichwa, maana ndicho chenye nyama. Hakuna aliyetuambia kwamba ni aibu. Aibu tuliipata baadaye, na ilitoka juu.

Filamu ninayoisema ni "Darwin's Nightmare", yaani jinamizi la Darwin, iliyotoka mwaka 2004. Mwongozaji wake anaitwa Hubert Sauper, mzaliwa wa Austria mwaka 1966 ambaye makazi yake yamekuwa Ufaransa. Zaidi ya miaka 20 imepita na bado tukikutana Watanzania, filamu hii ikitajwa, watu wanagawanyika mara moja. Wapo wanaosema alitudhalilisha, na wapo wanaosema alitusema ukweli tukakasirika. Nadhani pande zote mbili zimekosea kwa kumtazama kwa filamu moja tu. Mgonjwa hapimwi kwa kipimo kimoja. Nimetafuta filamu zake nyingine nikazitazama, na leo naomba nieleze nilichokiona, halafu niseme msimamo wangu.

Mwaka 1997 Sauper alikuwa Kongo, wakati ule ikiitwa Zaire. Vita vya kumng'oa Mobutu vilikuwa vimepamba moto. Wakimbizi Wahutu wa Rwanda waliokuwa wamekimbilia mashariki mwa Zaire walisukumwa na vita hadi katikati ya msitu, wakatembea kwa miguu mamia ya kilomita mpaka karibu na Kisangani. Yeye aliwafuata kwa treni ya misaada, kwenye reli iliyosahauliwa kusini mwa mji ule. Aliyoyapiga picha ni watu wanaokufa kwa njaa na kipindupindu kando ya reli, watoto walio mifupa mitupu, na wahudumu wachache wasiojua waanzie wapi. Muda mfupi baadaye kambi za Kasese na Biaro zilishambuliwa na wakimbizi wengi wakauawa. Ripoti ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 2010 kuhusu uhalifu uliofanyika Kongo iliandika habari za mashambulizi hayo na kuwataja askari wa Kabila na wa Rwanda. Filamu yake inaitwa "Kisangani Diary", ni fupi, dakika 45 hivi. Nimefanya kazi na wagonjwa mahututi kwa miaka kadhaa, lakini niliisimamisha mara tatu ndipo nikaimaliza.

Hapo ndipo ilipozaliwa filamu ya Mwanza. Sauper ameeleza kwamba katika pilikapilika hizo za wakimbizi aliona pale Mwanza ndege mbili kubwa za mizigo zikiwa pamoja uwanjani. Moja ilileta tani 45 za njegere kutoka Marekani kwa ajili ya wakimbizi kambini. Nyingine ilikuwa inaondoka na tani 50 za samaki wabichi kwenda Ulaya. Chakula kinaingia, chakula kinatoka, na katikati watu wana njaa. Baadaye akazungumza na marubani, akaambiwa kwamba ndege za aina hiyo hubeba na silaha pia.

Ndugu msomaji, weka siasa pembeni kidogo uifikirie picha hiyo ya ndege mbili. Sisi tuliokulia kule ndege zile tuliziona kila siku. Zilipita juu ya mapaa yetu, zikatutikisia madirisha, na watoto tukazipungia mikono. Hakuna hata mmoja wetu aliyeuliza, "Zinapokuja zinaleta nini?" Mgeni ndiye aliyeuliza. Mgeni njoo mwenyeji apone, walisema wahenga, ila mgeni huyu alipouliza wenyeji tulitaka kumpiga mawe.

Ndani ya filamu kuna mengi. Anaeleza jinsi sangara alivyopandikizwa Ziwa Victoria katika miaka ya 1950 na 1960, akala samaki wa asili, hasa wale wadogo tunaowaita furu, aina mamia kwa mamia zikatoweka. Anaonyesha viwanda safi vya minofu, vyenye wafanyakazi waliovaa meupe, na upande wa pili anaonyesha mahali mapanki yanapoanikwa, akina mama wakiyageuza katikati ya funza na hewa inayochoma macho. Kuna watoto wa mitaani wanaoyeyusha vifungashio vya samaki ili wavute moshi wake walale bila kusikia njaa. Kuna mlinzi wa usiku mwenye upinde na mishale, anayelipwa dola moja kwa usiku. Anasema vita ingekuwa heri kwake, maana jeshi linalipa. Kuna mabinti wanaowaburudisha marubani. Mmoja wao anaimba kuisifu Tanzania, na kabla filamu haijakwisha tunaambiwa ameuawa na mteja. Kuna mchungaji katika kijiji cha wavuvi anayesimulia jinsi Ukimwi unavyomaliza watu wake, na anapoulizwa habari ya kondomu anajibu kwamba ni dhambi.

Nilipofika kwa mchungaji nilipaza sauti peke yangu sebuleni. Wenzangu mnaofanya kazi za afya mtanielewa. Dawa za kurefusha maisha zilianza kutolewa bure Tanzania mwaka 2004, mwaka ule ule filamu ilipotoka. Kabla ya hapo kijiji kama kile kilikuwa hakina dawa, na kinga pekee iliyokuwepo ilikuwa inaitwa dhambi. Hiyo si kashfa ya mzungu. Ni historia yetu, na wapo waliozikwa nayo.

Filamu ilishinda tuzo ya filamu bora ya makala ya Ulaya mwaka 2004, ikapata tuzo ya César huko Ufaransa mwaka 2006, na mwaka huo huo iliwania Oscar, ikashindwa na filamu ya ndege wa barafuni. Ndipo kukawaka. Mwishoni mwa Julai 2006 Rais Kikwete aliitumia hotuba yake ya kila mwezi kuilaani, akisema imeichafua nchi na kuharibu biashara ya samaki, na kwamba madai ya silaha hayana ushahidi. Suala likafika bungeni. Mwanza yakafanyika maandamano. Baadhi ya Watanzania waliohusika na filamu ile wakapata misukosuko.

Mimi nilikuwa sekondari hapo hapo Mwanza. Nakumbuka mabango, nakumbuka kelele, nakumbuka jirani yetu aliyekwenda kuandamana na kurudi sauti imemkauka. Mama alimuuliza, "Baba, hiyo filamu umeiona?" Akajibu, "Ya nini kuiona? Si tumeambiwa inatutukana?" Jioni ile kwake walikula mapanki na kwetu pia. Harufu ya mafuta ilipita juu ya ukuta kutoka kwao kuja kwetu.

Kisa hiki nimekirudia kichwani mara nyingi. Mji mzima uliaminishwa kwamba umedhalilishwa na kitu ambacho wengi wao hawakukiona. Hasira waliyopewa watu ilielekezwa kwa aliyeonyesha mapanki. Swali la kwa nini mtu anayeishi kando ya ziwa la kilomita za mraba karibu 69,000 anakula mifupa, likazikwa. Bei ya sangara mzima ilikuwa imepanda mpaka mvuvi mwenyewe hawezi kumla samaki wake, na hakuna aliyeandamana kwa ajili ya hilo. Sisi wauguzi tunayo methali ambayo nadhani ilitungwa kwa ajili yetu: mficha maradhi, kilio kitamuumbua.

Sasa nisije nikaeleweka kwamba Sauper ni malaika. Hoja za waliompinga si zote za kipuuzi.

Kwanza, suala la silaha. Filamu nzima inajengwa kuelekea huko. Inauliza ndege zinaleta nini, na karibu na mwisho rubani mmoja anakiri kwa huzuni kwamba aliwahi kupeleka zana za kivita Angola na akarudi na zabibu za Afrika Kusini kwa ajili ya Ulaya. Ni maneno mazito na mimi nayaamini. Lakini sanduku la silaha likishushwa Mwanza hatulioni. Tunaona dalili, tunasikia kauli, na mtazamaji anaachwa aunganishe mwenyewe. Kwenye kazi yangu dalili siyo majibu ya maabara. Ningependa aliyekuja na tuhuma nzito namna ile awaambie wazi watazamaji wake: hili nimeliona, hili nimelisikia, hili nalihisi.

Pili, mapanki. Mwanahistoria wa Ufaransa, François Garçon, alimshambulia Sauper kwa maandishi, na moja ya hoja zake ilikuwa kwamba mabaki yale yanakwenda kwenye chakula cha mifugo. Mgogoro ule ulifika mahakamani Paris, na mwaka 2008 Garçon akakutwa na hatia ya kumkashifu mwongozaji, hukumu ambayo rufaa iliithibitisha mwaka 2009. Kuhusu mapanki kuliwa na watu, mimi ni shahidi, sihitaji mahakama. Hata hivyo ukiitazama filamu unaweza kudhani mapanki yote ni yale ya funza, na kwamba anayeyala anakula uchafu. Mapanki ya mama yangu yalikuwa yanaoshwa, yanatiwa ndimu na chumvi, yanakaangwa mpaka yanalia. Ule ulikuwa umaskini, lakini haukuwa uchafu. Kamera yake haikupita jikoni kwetu. Ilikuwa na haraka ya kutafuta jinamizi.

Tatu, na hili ndilo linalonigusa zaidi, ni ridhaa. Sauper mwenyewe amesimulia kwamba yeye na msaidizi wake walilazimika kujifanya marubani na wapakia mizigo, wakabeba vitambulisho bandia, na kwamba vijijini walidhaniwa ni wamisionari, na viwandani wakaogopwa kama wakaguzi wa usafi kutoka Ulaya. Kwa mwenye kiwanda sina tatizo. Mwenye nguvu akidanganywa kidogo ili ukweli utoke, sitalia naye. Lakini mama aliyekuwa anaanika mapanki, je, alijua kwamba uso wake utaonekana Venice, Paris na Los Angeles? Na watoto wale wanaopigania wali barabarani, nani aliwatolea ridhaa?

Nitawapa kisa changu. Nikiwa mwanafunzi wa uuguzi, katika hospitali moja nyumbani ambayo sitaitaja, walikuja wageni wafadhili wenye kamera. Wakaingia wodi ya watoto. Kulikuwa na mtoto mwenye utapiamlo uliokithiri, miguu imevimba, nywele zimebadilika rangi. Wakataka apigwe picha bila shuka. Aliyekuwa kiongozi wetu zamu ile akaniambia nilitoe. Nikalitoa. Yule mama wa mtoto hakupiga kelele. Aliniangalia mimi, siyo wageni, akasema taratibu, "Dada, hii picha itamsaidia nini mwanangu?" Sikuwa na jibu. Wageni wakaondoka, shuka nikalirudisha. Mtoto alitoka hospitali baada ya wiki chache, ila swali la mama yake ninalo mpaka leo.

Hapa Uingereza kanuni zetu za kazi, zile za Baraza la Wauguzi na Wakunga, zinatubana kweli kweli juu ya ridhaa na siri za mgonjwa. Nilipozisoma mara ya kwanza nilimkumbuka yule mama, nikaona kwamba alikuwa amenifundisha kanuni nzima kwa sentensi moja. Kwa hiyo kila nikitazama filamu za Sauper naziuliza swali lake: itamsaidia nini?

Kwa "Kisangani Diary" jibu langu ni kwamba haikuwasaidia wale. Walikufa. Lakini bila kamera ile na bila waandishi wachache waliokuwepo, ingekuwa rahisi kusema hawakuwepo kabisa. Kuna wakati kumwandikisha mtu kwamba aliishi ndiyo huduma ya mwisho iliyobaki. Sisi huwa tunaandika saa ya kifo hata kama hakuna ndugu wa kumsomea.

Kwa filamu ya Mwanza jibu ni gumu zaidi. Ulaya wapo waliosusia sangara, na kususia kunamuumiza kwanza mfanyakazi wa kiwanda na mvuvi, kabla ya kumgusa mwenye hisa. Wakati huo huo ni filamu hiyo iliyomfanya mlaji wa kule aulize kwa mara ya kwanza samaki wa kwenye sahani yake ametoka wapi na nani amebaki na mifupa. Na sisi je? Tungeitumia vizuri, tungepata mjadala wa bei, wa mikataba, wa afya za vijiji vya wavuvi. Tulichagua maandamano.

Aliendelea. Mwaka 2014 alitoa "We Come as Friends", tunakuja kama marafiki. Alijenga kindege kidogo kwa mikono yake, akaruka nacho kutoka Ufaransa mpaka Sudan, akafika Sudan Kusini wakati nchi ile inazaliwa mwaka 2011. Anatua vijijini, watu wanamshangaa, yeye anawauliza. Tunawaona Wachina wa mafuta, wamisionari wa Texas wanaoleta nguo na Biblia, watu wa Umoja wa Mataifa, wawekezaji. Kuna mzee wa kijiji aliyetia saini mkataba wa hekta 600,000 za ardhi kwa dola 25,000. Gawanya mwenyewe, utapata chini ya senti tano za dola kwa hekta. Kila anayekuja anasema ni rafiki. Filamu hii ilipata tuzo maalumu Sundance, na kwa maoni yangu inazidi ile ya Mwanza, maana hapa Sauper amejifunza kujitia na yeye mwenyewe ndani ya picha. Anakiri kwamba na yeye ni mzungu aliyetua kwa ndege.

Mwaka 2020 akatoa "Epicentro", iliyotengenezwa Havana, Kuba, na hiyo ikashinda tuzo kubwa ya filamu za makala za kimataifa hapo hapo Sundance. Inarudi mwaka 1898, meli ya kivita ya Marekani iitwayo Maine ilipolipuka bandarini Havana na Marekani ikaingia vitani na Hispania. Inaeleza jinsi sinema, ikiwa bado changa, ilivyotumika kutengeneza picha za vita zisizo za kweli ili watu washangilie. Kumbe yule mtu ambaye kwetu alishutumiwa kwa kupotosha kwa picha, alikuja kutengeneza filamu nzima juu ya jinsi picha zinavyopotosha! Na waliojaa humo ni watoto wa Havana, wanaongea, wanacheka, wanabishana, wanajua historia ya nchi yao. Hakuna shuka lililovutwa. Laiti watoto wa Mwanza wangepigwa picha namna hiyo.

Kwa hiyo nikimtazama kwa ujumla, tangu 1997 mpaka 2020, naona mtu anayefuatilia swali moja: anayekuja kwa jina la msaada au biashara au urafiki, anaondoka na nini? Ni swali letu. Ni swali la babu zetu. Kosa lake la Mwanza, kwa maoni yangu, ni kwamba alitupenda kama ushahidi kabla hajatupenda kama watu. Ila naona amelirekebisha kadiri umri ulivyokwenda. Na sisi tumerekebisha lipi?

Hapo nataka niguse jambo ambalo ndugu zangu wengi hapa ughaibuni hatupendi kulisikia. Tunapenda sana kulalamika kwamba wazungu wanatusemea. Ni kweli. Lakini mtoto wa nyumbani akitaka kusema mwenyewe tunamuuliza katumwa na nani. Sisi tuliobeba maboksi na tuliobeba wagonjwa mgongoni huku majuu tunataka nchi ionekane nzuri, ili tusiulizwe maswali kwenye chumba cha chai. Ndivyo nilivyofanya juzi. Nililinda sura yangu, nikamgeuza mama yangu kuwa mtu ambaye hakuwahi kula mapanki.

Na inawezekana kusema wenyewe. Kuna kijana wa Kisangani, Dieudo Hamadi, aliyezaliwa mwaka 1984. Alianza kusomea mambo ya tiba kabla ya kushika kamera, na nakiri hilo ndilo lililonivuta kwanza. Filamu yake ya mwaka 2020 inahusu majeruhi wa vita vya siku sita vya Juni 2000, pale majeshi ya Uganda na Rwanda yalipopigana ndani ya mji wa Kisangani, wenyewe wasiokuwa na ugomvi wakikatwa miguu na mikono na mabomu. Kwa karibu miaka 20 walisubiri fidia. Ndipo wakapanda boti, na magongo yao na miguu yao ya bandia, wakasafiri kwenye mto Kongo mpaka Kinshasa kwenda kudai. Filamu ile iliteuliwa na tamasha la Cannes mwaka huo.

Linganisha hapo. Mji ni ule ule, Kisangani. Mwaka 1997 anakuja mgeni, anapiga picha za wanaokufa, nao hawana la kusema. Miaka 20 na zaidi baadaye anakuja mtoto wa mji, anawapiga picha wanaodai. Mvua inawapiga botini, wanagombana, wanaimba, wanacheza igizo lao, mama mmoja anakifunga kiungo chake cha bandia na kulalamika kwamba kinauma. Mimi nimefunga vidonda vya waliokatwa miguu, naijua sura ile. Si sura ya kuomba huruma. Mwaka 2022 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliiamuru Uganda iilipe Kongo dola milioni 325 kwa madhara ya vita vile vya miaka ya 1998 hadi 2003. Sisemi filamu ndiyo iliyoleta hukumu, kesi ilikuwa ya zamani. Nasema aliyeuliza "itanisaidia nini?" hapa amepewa nafasi ya kujibu mwenyewe.

Na Kenya mwaka ule ule wa 2020 Sam Soko alipeleka Sundance filamu yake "Softie", juu ya mwanaharakati Boniface Mwangi na familia yake anapogombea ubunge Nairobi. Mkenya anamtazama Mkenya mwenzake, mazuri na mabaya yake, na mke anayelipia gharama za uzalendo wa mumewe. Nairobi haikuanguka kwa hilo.

Msimamo wangu basi ni huu. Sauper alikuwa na haki ya kukionyesha kidonda chetu, na serikali yetu ilikosea kumfokea aliyefungua bandeji badala ya kukisafisha kidonda. Lakini haki ya kuonyesha inakuja na deni kwa aliyeonyeshwa: ajue anapigwa picha ya nini, na aone picha yake kabla ya watu wa Paris. Mgonjwa ana haki ya kusoma faili lake. Na deni kubwa zaidi ni letu sisi. Kama hatutaki faili letu liandikwe na wageni, tuwaache watoto wetu waliandike, na wakiliandika tusiwaulize uraia wao.

Mambo Mwanza yamebadilika tangu 2004. Sangara wamepungua, na siku hizi kitu cha thamani ndani ya samaki yule ni bondo lake, linalokwenda China kwa bei inayoacha minofu mbali. Ndege zimebadilika na wanunuzi wamebadilika. Swali la ndege mbili linabaki pale pale: nani anaondoka na nini, na nani anabakishiwa mifupa? Natamani filamu ya bondo iongozwe na binti wa Igombe au wa Ukerewe, na iitwe kwa jina la Kiswahili.

Usiku wa jana nilikuwa zamu moja na yule mama. Nilimtafuta, nikamwambia kwamba nilimdanganya. Nikamweleza mapanki ni nini, mama yangu aliyapikaje, na kwa nini mwaka 2006 mji ulikasirika. Alisikiliza mpaka chai ikapoa. Mwishoni akauliza, "Yalikuwa matamu?"

Nikamwambia ndiyo, kichwa hasa.

Naomba kuwasilisha.